Mtani wa Vita

Vita vilikufa asubuhi, saa za kunywa uji, na mpaka leo havijazikwa.

Hivyo ndivyo watu wa nchi ile walivyomjibu mgeni aliyewauliza habari. Hawakusema njema. Walisema vimekufa, havijazikwa, kisha wakanyamaza wakingoja kupewa pole. Maiti ililazwa katika Nyumba Kuu, juu ya kitanda cha kamba, ikafunikwa shuka jeupe tangu utosini hadi kuchani. Watu walipita mmoja mmoja kuiaga. Waliopita Jumatatu walisema vita vilikuwa virefu, miguu ilipita kitanda. Waliopita Jumanne waliapa kwamba vilikuwa vifupi, vyenye kitambi. Walibishana barabarani, wakatukaniana mama zao, na mwisho wakakubaliana kwamba vita ndivyo vilivyo, kila mtu anaviona kwa kimo chake.

Na mila ni mila. Nyumba yenye maiti haijengi, haichezi ngoma, haisafiri, haiwashi moto jikoni. Bwana Luhende, Mwenyekiti wa Kamati ya Kesho, alisimama kibarazani siku ya kwanza akatangaza kwamba nchi nzima sasa ni nyumba moja, na nyumba hiyo imefiwa. Watu wakapiga makofi. Baada ya kuuana kwa muda ule wote, maneno nyumba moja yalikuwa matamu masikioni, hawakuuliza yana nini ndani. Siku ya kwanza ikaisha, ikaja siku ya kwanza nyingine. Kila asubuhi Luhende alitoka kibarazani, akajifuta macho, akasema, "Ndugu wafiwa, leo ni siku ya kwanza." Watoto waliozaliwa ndani ya matanga wakaota meno, wakaanza kusema, na neno lao la kwanza likawa pole. Vichwa vikaota mvi katika siku hiyohiyo. Nchi jirani zilileta chakula cha msiba, kama majirani wanavyopaswa: mchele, maharage, samli. Chakula kilipelekwa Nyumba Kuu, maana ndiko walikokaa wafiwa wakubwa. Wafiwa wadogo walipata harufu upepo ukielekea kwao.

Adhuhuri Luhende aliutaja Mpango. Aliujua kwa moyo, na alijua kuutaja, ukimsikia mate yanakujaa. Maziwa kwa kila mtoto. Kitanda na mlezi kwa kila mzee. Mguu wa mti kwa kila aliyepoteza mguu, na aliyepoteza miwili ataanza na mmoja. Hospitali ilikuwa imekwisha kujengwa, nyeupe, kando ya makaburi, kwa sababu Kamati iliona ni vizuri kuokoa safari. Wauguzi walikuwemo ndani tayari, wamefungiwa wasije wakachafuka. Funguo ilining'inia kiunoni kwa Mwenyekiti. "Na yote haya," alimalizia kila siku, "ni mara tu baada ya mazishi."

Basi kwa nini wasizike? Kwa sababu hapakuwa na mtani. Katika nchi ile maiti hainyanyuliwi kabla mtani hajaja kufagia uwanja, kumsimanga marehemu, kuwachekesha wafiwa mpaka wakumbuke kwamba wao bado wana meno. Kamati ilitangaza: aliye mtani wa vita ajitokeze. Watu wakatazama vidole vya miguu yao. Kusema wewe ni mtani wa vita ni kusema mlijuana vizuri, na ukishasema hivyo utaulizwa mlijuana wapi, na siku fulani mlikuwa pamoja mkifanya nini, na kisu kile ni cha nani.

Chambega alikuwa fundi wa kuezeka. Tangu siku ya kwanza hakuwa ameezeka hata banda la kuku, na nyumba yake mwenyewe haikuwa na paa. Alikaa humo na mkewe, Tunu, chini ya mbingu tupu, kama watu waliokaa ndani ya kikombe. Tunu alikuwa amevuta vumbi la mji ulipoanguka, na vumbi lile halikutoka. Hakuweza kulala chali. Alilala ameketi, mgongo ukutani, na kila pumzi aliivuta kama mtu anayevuta ndoo kutoka kisima kirefu kwa kamba fupi. Chambega alikuwa akiisikiliza kamba hiyo. Alikula akiisikiliza, akasali akiisikiliza. Ikikawia kidogo, moyo wake ulisimama kuingoja.

"Umekwenda tena kuchungulia dirishani," Tunu alisema.

"Nimekwenda."

"Wauguzi wamo?"

"Wamo. Wanakunja mashuka. Wakimaliza wanayakunjua, wanayakunja tena."

"Na ule mtungi wa hewa?"

"Upo pembeni, umevaa nailoni yake. Haujaguswa."

Tunu akacheka kidogo, kicheko kikamgharimu pumzi mbili. "Mtungi una nguo, mimi sina hewa. Baba Mshamu."

"Naam."

"Nikifa siku ya kwanza, utanizika lini?"

Kamati ilikwisha sema kwamba maiti wadogo wamngoje maiti mkubwa. Kulikuwa na nyumba mtaani ambazo milango yake haikufunguliwa tena, na watu walipita mbele yake haraka, wakizungumza kwa sauti juu ya mambo mengine.

Akatoka akazunguka nyumba yake isiyo na paa, mara ya kwanza, mara ya pili, akizungumza peke yake kama mwendawazimu. Vita vikiisha, mwisho wake ni mali ya nani? Hilo ndilo lililomkereketa. Mwanzo wa vita una wenyewe, wako wengi, wanagombana kila mmoja akimsukumia mwenzake. Lakini mwisho! Mwisho aliuona kwa macho yake ukiingizwa Nyumba Kuu kama gunia la mchele, mlango ukafungwa, na tangu hapo watu wanagawiwa harufu. Anayemiliki mwanzo anakuua mara moja. Anayemiliki mwisho anakuweka mlangoni na bakuli lako, hufi, huishi, unaambiwa subiri, na wewe unasema asante kwa sababu jana walikupiga risasi na leo wanakuambia subiri. Nani atamwambia mtu huyo sogea? Mwenye bunduki? Bunduki tumetoka kuizika. Hatujaizika. Ndiyo shida yenyewe, hatujaizika. Mtani. Anatakiwa mtani. Na utani unatoka wapi, Chambega? Watu wa milimani na watu wa bondeni walichinjana mpaka mikono ikachoka, na uchovu ule ndio uliozaa utani, leo wanaibiana kuku huku wanacheka. Mtani wako ni yule mliyepigana naye mkachoka. Sasa wewe umepigana na nani? Umechoshwa na nani?

Akaingia ndani, akachukua kanga ya Tunu akajifunga kichwani kama bibi harusi, akashika ufagio.

"Unakwenda wapi na kanga yangu?"

"Msibani. Waambie majirani wakupandishe mkokoteni wakulete makaburini. Leo tunazika."

"Utaniulia mume," Tunu akasema, na hakujulikana alimwambia nani.

Uwanja wa Nyumba Kuu ulijaa watu walioketi mikekani, nyuso chini. Chambega akaingia akirusha vumbi la ufagio kwenye miguu ya wakubwa.

"Hodi wenye njaa! Nasikia hapa kuna mtu amekufa kwa uvivu!"

Bibi mmoja akainua shingo. "Nani huyo?"

"Mtani wenu."

"Mtani wa nani?"

"Wa marehemu, bibi. Au wewe umekuja kunusa samli tu?"

Mwanamke mmoja akacheka, akajiziba mdomo kwa viganja vyote viwili. Kilikuwa kicheko chenye kutu, kama bawaba isiyofunguliwa muda mrefu. Mwingine akakidaka. Luhende akatoka kibarazani, vidole vinang'aa samli.

"Chambega, umelewa?"

"Nilewe nini, na msiba wako hauna hata togwa?"

"Nani amekuambia wewe ni mtani wa marehemu?"

"Tumepigana," Chambega akasema. "Alimchukua mwanangu Mshamu, nikamlaani. Akachukua paa langu, nikamtemea mate. Akaingia kifuani mwa mke wangu, yumo mpaka sasa. Mimi nimechoka, na yeye naona amelala. Watu wakipigana mpaka wakachoka wote wawili wanaitwaje, Mwenyekiti? Sema wewe uliyesoma."

"Watani!" uwanja ukajibu.

Hapo Luhende akampisha mlangoni. Hata Mwenyekiti hamzuii mtani. Chambega akaingia chumbani, watu wakasongamana mlangoni nyuma yake. Akaizunguka maiti akiipiga piga kwa ufagio.

"Tazameni lijitu hili! Mlafi! Lilikula daraja likasema halijashiba. Likala shule na madawati yake. Likala mguu wa jirani yangu, likatema kiatu! Leo limevimbiwa, limelala, halina hata haya ya kujamba!"

Watu wakacheka mpaka machozi. Wengine machozi yalikuja kwanza. Chambega naye akaona kifua chake kinalegea, akasahau hofu, akainua pindo la shuka akakuna unyayo wa marehemu kwa njiti ya ufagio.

Dole gumba likajikunja.

Chambega akaangusha njiti. Akakishika kifundo. Kilikuwa cha moto. Akainama kama mtu anayetaka kunong'oneza tusi ambalo watoto hawapaswi kulisikia.

"Wewe nani?"

"Mhando," shuka likajibu, kwa sauti ndogo. "Tarishi wa Kamati. Leo ni zamu yangu. Tafadhali kaka, mimi nina mtekenyo."

Kabla Chambega hajainuka, mkono wa Luhende ulikuwa begani mwake, na mdomo wa Luhende sikioni. Ulinuka vitunguu. "Umegusa. Sawa. Sasa fikiri vizuri. Kama hapa hakuna maiti, basi vita havijafa. Na kama havijafa, nitapiga mbiu sasa hivi, kila mtu akimbilie panga lake. Wako tayari, hawa. Watazame. Waambie ulichokiona."

Chambega akawatazama. Mlangoni alisimama mtu wa milimani, begani mwake ameegemea mtu wa bondeni, wote wawili wanajifuta machozi ya kicheko. Aliziona shingo zao. Aliona jinsi shingo zilivyo nyembamba. Na nyuma ya yote, ingawa Tunu alikuwa mbali, aliisikia ile kamba fupi ikivuta ndoo.

"Amekufa!" akapiga kelele, sauti ikampasuka. "Amekufa hasa! Ananuka! Leteni jeneza, mnangoja aoze?"

Ikawa Luhende amenaswa kwa ulimi wake, na Chambega amenaswa kwa wake. Watu wakamtia Mhando katika jeneza lisilo na kifuniko, wakambeba juu kwa juu, wakipokezana, kila mmoja akitaka kusema baadaye kwamba alivibeba vita. Njia nzima Chambega alitembea chini ya jeneza, akitania kwa mdomo tu. Kumzika mtu aliye hai hawezi. Kumfichua hawezi. Kurudi nyumbani na Tunu vilevile alivyo, hilo pia hawezi.

Kaburi lilichimbwa siku ya kwanza, ile ya kwanza kabisa, na nyasi zilikuwa zimeota ndani yake. Mkokoteni ulikuwa umefika. Tunu ameketi juu yake, midomo ya kijivu. Hospitali ilionekana pale pale, ng'ambo ya uzio, na wauguzi wamebana pua zao kwenye vioo.

Jeneza lilipotuliwa, Chambega alifanya lile ambalo watani wote hufanya. Akarukia kaburini, akalala chali, akakunja mikono.

"Sitoki mpaka nipewe changu!"

Watu wakashangilia. Hiyo ndiyo ilikuwa mila yenyewe.

"Mpeni kitambaa," Luhende akasema.

"Kitambaa nakifunga wapi, sina hata mlango."

"Mbuzi."

"Mbuzi ni mwenzangu, wote tunalala nje. Fungua hospitali, Mwenyekiti."

"Hospitali ni baada ya mazishi."

"Na mazishi ni baada ya mimi kutoka. Na mimi nitatoka hospitali ikifunguliwa. Haya, jikune."

Kicheko kikapanda, kikashuka. Luhende akasimama ukingoni, kivuli chake kikamfunika Chambega mzima. Akainama, akachota udongo.

"Kaburi lina mtu ndani," akasema taratibu. "Na sisi tumekuja kuzika."

Akatupa. Udongo ukamwangukia Chambega kifuani. Wala haukuwa mwingi. Lakini mtu wa nchi ile, akiona mkubwa ametupa udongo kaburini, mkono wake huinama wenyewe. Ni adabu. Bibi yule wa uwanjani akachota. Mtu wa milimani akachota. Walikuwa wakitabasamu bado, wakidhani ni sehemu ya utani, na hakuna aliyetaka kuonekana hana adabu mazikoni. Udongo ukaingia mdomoni mwa Chambega. Akatafuta mzaha wa kusema, akaukosa.

Ndipo jeneza lilipopiga chafya.

Mhando aliketi, shuka likiwa bado kichwani. Wanaume wakalala kifudifudi. Askari wa lango la hospitali akatupa bunduki, akaruka uzio. Luhende peke yake hakukimbia, maana alijua ni nani.

"Lala chini, mpumbavu," akasema kwa meno.

Shuka likageuka kuelekea watu. "Mwenyekiti anasema nilale," Mhando akasema, na alivyokuwa amekauka koo sauti ilitoka nzito, ya kutisha. "Nyinyi mnasemaje? Nilale, au nitembee?"

"Lala!" wakalia. "Lala, baba! Lala!"

"Nitalala. Mtani wangu apewe chake kwanza. Mpeni funguo."

Luhende akafungua mdomo. Kusema huyu ni Mhando ni kusema mengine yote. Akaufunga. Lakini watu hawakumngoja, walimvaa pande zote, milimani na bondeni kwa pamoja, wakamkata mkanda, na funguo ikatupwa kaburini. Chambega akapanda juu. Ukingoni alipishana na Mhando aliyekuwa akishuka, shuka linamburuta.

"Utaniambia lini niamke?" shuka likanong'ona.

"Nikifika mlangoni tu. Nitapiga ukelele."

"Usikawie, kaka. Kuna siafu."

Chambega akamtwaa Tunu mgongoni, akakimbia. Tunu alikuwa mwepesi kuliko ufagio, na hilo lilimtia hofu zaidi. Alipovuka uzio alisikia sauti ya Luhende, "Fukieni! Fukieni upesi kabla havijabadili nia!" na baada yake majembe. Si viganja tena. Majembe.

Akageuka. "Acheni! Huyo ni Mhando! Ni mtu mzima, anapumua!"

Watu wakacheka.

"Ni Mhando tarishi! Nimemgusa mguu, ni wa moto! Nawaambia kweli!"

"Mtani huyo!" mtu akasema akijishika mbavu. "Hata anakimbia bado anatuchekesha!" Na majembe yakaongeza kasi, maana kazi yenye kicheko haichoshi.

Chambega akasimama, mguu mmoja huku, mmoja kule. Mlango ulikuwa hatua chache mbele yake. Pumzi ya Tunu ilikuwa shingoni mwake, ikaja, ikakawia, ikaja. Akasogea kuelekea mlango. Mkono wa Tunu ukamshika sikio, ukalivuta kama mtu anavyomvuta mtoto.

"Rudi," akasema.

"Utakufa."

"Nitafungua mwenyewe. Rudi."

"Utaweza?"

"Mkono," Tunu akasema, akangoja pumzi, "hauvuti hewa."

Akamketisha kizingitini, akamtia funguo kiganjani, akakimbia bila kutazama nyuma, kwa kuwa angetazama asingekwenda. Akawapasua watu, akaangukia juu ya kifusi kwa magoti, akaanza kufukua kwa kucha.

Walicheka kuliko siku zote. Walishikana mabega. "Jamani, mtani anafukua! Anataka kaburi lake!" Mtu alimmwagia beleshi zima la udongo mgongoni, kwa mzaha. Chambega hakuinua kichwa. Alifukua, kifusi kikiteremka na kurudi, kucha moja ikang'oka, ya pili ikang'oka, akawa analia na kutukana majina ya wote waliokuwepo na mama zao, na kila tusi liliwaongezea raha.

Kisha mkono ukatoka udongoni, ukamshika kifundo cha mkono.

Ulikuwa mkono mwembamba, wa tarishi, wenye pete ya shaba. Ulishika kwa nguvu na haukuachia.

Kicheko kikakatika. Katika kimya kile walisikia, kwa mbali, funguo ikizunguka na mlango mzito ukifunguka. Na watu wa nchi ile, majembe mikononi, hawakujua waogope kipi kwanza.